Kabla hujasaini mkopo wa nyumba: piga hesabu mpaka rejesho la mwisho

Jumamosi moja jioni shemeji yangu alikuja kwetu Ilazo ameshika bahasha ya kaki, hata maji hajanywa akaifungua, "Shem nimepata nyumba Iyumbu, milioni 75, benki wamekubali kunipa 60 mi natoa 15, rejesho laki nane na themanini tu kwa mwezi." Uso unang'aa. Ni mtumishi wa serikali, alihamia Dodoma na wizara yake 2017 akitokea Dar, tangu hapo amepanga Nkuhungu na ameshahama nyumba tatu, kwahiyo namuelewa kabisa ile hamu ya kuwa na mlango wake mwenyewe. Nikamuuliza kitu kimoja tu, jumla yake mpaka unamaliza ni ngapi? Akanyamaza, akageuza karatasi mbele na nyuma. Jumla haikuwepo.

Nikachukua kaunta buku ya mtoto na kalamu tukakaa pale mezani mpaka saa nne usiku. Tulichofanya usiku ule ndo nakiandika hapa, maana mi ni mhasibu na mwenyewe nimelipa mkopo wa nyumba, na bado naona watu wazima wenye digrii zao wanasaini deni la miaka 20 kwa kuangalia namba moja tu, ya rejesho la mwezi.

Kabla ya yote unatakiwa uwe na vitu vinne kwenye karatasi: kiasi unachokopa, riba kwa mwaka, riba hiyo inapigwa vipi, na miaka. Kwa shemeji ilikuwa milioni 60, riba asilimia 17, inapigwa kwenye salio linalopungua, yaani kwenye deni lililobaki tu, miaka 20. Hiyo 17 usiishangae, kwa hapa kwetu mikopo ya nyumba kwa miaka mingi sasa imekuwa inacheza kati ya 15 na 19, na huko nyuma 2010 ilikuwa 22 hadi 24. Mwaka huo huo 2010 ndo ilianzishwa TMRC, kampuni inayozikopesha benki hela za muda mrefu ili nazo ziweze kukukopesha wewe kwa miaka mingi, manake hela nyingi za benki ni za wateja ambao wanaweza kuja kuzitoa kesho asubuhi, benki haiwezi kuzifunga kwenye nyumba yako miaka 20 bila kuwa na pa kuegemea.

Haya sasa. Hesabu ya kwanza ni ya darasa la nne. Miaka 20 ni miezi 240. Laki nane na themanini mara 240 ni milioni 211 na ushee. Shemeji aliandika mwenyewe kwa mkono wake, akarudia kwenye kalkuleta ya simu, ikaja ile ile. Amekopa 60 anarudisha 211. Ongeza ile 15 anayotoa mfukoni, nyumba ya milioni 75 inamtoka kwa milioni 226, na hapo hatujagusa bima wala chochote.

Aliniuliza kama benki wanamuibia. Hapana, hesabu iko sawa kabisa, riba ya 17 kwa miaka 20 ndivyo inavyozaa. Lakini ili uelewe inazaaje lazima uingie ndani ya rejesho lenyewe, na hapa naomba usikimbie maana ndo penyewe.

Asilimia 17 kwa mwaka ukigawa kwa 12 ni kama 1.417 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 60 nzima, riba ya mwezi huo ni 850,000. Wewe unalipa 880,080. Kwahiyo laki nane na nusu yote inaenda kwenye riba, inayopunguza deni ni elfu thelathini na themanini basi. Mwezi wa pili unadaiwa 59,969,920, riba inapungua kwa kama shilingi mia nne, na hizo mia nne ndo zinaongezeka kwenye kupunguza deni. Inatambaa hivyo hivyo. Mwisho wa mwaka wa kwanza umeshalipa milioni 10 na laki tano na zaidi, deni limeshuka kwa laki tatu na tisini. Miaka mitano umelipa karibu milioni 53, bado unadaiwa 57. Miaka kumi, yaani nusu ya safari, umelipa milioni 105 na bado unadaiwa milioni 50 na laki sita. Nusu ya deni, ile 30, unaifikia ukiwa umeingia mwaka wa 17.

Mimi haya niliyajua kwa kuumia. Tulikopa milioni 40 kwa asilimia 18, miaka 15, rejesho 644,000 na kitu. Mwaka ulipoisha nikaenda benki kuomba stetimenti, nikapewa karatasi mbili zimebanwa na pini, nikasoma nikiwa bado nimesimama dirishani na watu wako nyuma yangu kwenye foleni. Tulikuwa tumelipa milioni 7 na laki saba, sikukuu tulikuwa hatuendi kijijini Kondoa ili hela itoshe, na salio limeandikwa milioni 39 na laki nne. Nikamwambia yule dada wa dirishani nadhani kuna makosa. Akaniangalia kwa upole akasema, "Hapana mama, mwanzoni huwa inakuwa hivyo." Siku ya kusaini hakuna aliyekuwa ameniambia mwanzoni huwa inakuwa hivyo, na mimi sikuuliza.

Kwahiyo kabla ya kusaini omba jedwali la marejesho. Sio maelezo ya mdomo, jedwali lenyewe limechapwa, kila mwezi mstari wake, lina safu ya rejesho, safu ya riba, safu ya deni la msingi, yaani ile sehemu ya rejesho inayopunguza deni lenyewe, na safu ya salio. Kanuni za Benki Kuu za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha za mwaka 2019 zinataka benki ikueleze masharti na gharama za mkopo waziwazi kabla hujasaini, kwahiyo huombi fadhila, omba kwa adabu lakini usiondoke bila hiyo karatasi. Ukiipata usianze na safu ya rejesho, hiyo unaijua tayari. Weka kidole kwenye safu ya deni la msingi ushuke nayo taratibu mpaka uone ni mwezi gani inaipita riba. Kwa mkopo wa shemeji ni karibu na mwisho wa mwaka wa 16.

Na kama ofisa mikopo anazungusha, tengeneza mwenyewe. Fungua Excel hata ya kwenye simu, andika kwenye kiboksi =PMT(17%/12,240,60000000) halafu bonyeza enta, itakuletea rejesho la mwezi likiwa na alama ya kutoa mbele, hiyo alama usiijali. Badilisha 17 iwe riba yako, 240 iwe miezi yako, na ile ya mwisho iwe kiasi chako. Zidisha jibu kwa idadi ya miezi. Dakika mbili. Kama rejesho walilokupa benki ni kubwa kuliko hilo uliza tofauti ni ya nini, mara nyingi ni bima imechomekwa humo ndani.

Sasa cheza na miaka, maana hapo ndo shemeji alishika kichwa. Milioni 60 ile ile, riba 17 ile ile:

miaka 10, rejesho 1,042,800, jumla milioni 125
miaka 15, rejesho 923,400, jumla milioni 166
miaka 20, rejesho 880,100, jumla milioni 211
miaka 25, rejesho 862,700, jumla karibu milioni 259

Soma tena mstari wa 15 na wa 20. Tofauti ya rejesho ni elfu arobaini na tatu kwa mwezi. Hiyo elfu arobaini na tatu inakuondolea miaka mitano ya deni na milioni 45. Halafu angalia kutoka 20 kwenda 25, unapata nafuu ya elfu kumi na saba kwa mwezi, hela ya kuku mmoja wa kienyeji, unalipia milioni 47 zaidi. Watu wanapambana na benki wapunguziwe riba, na ni vizuri kupambana, ukishusha kutoka 17 hadi 15 kwa miaka 20 unaokoa kama milioni 21 na nusu. Lakini kupunguza miaka kutoka 20 hadi 15 kunaokoa mara mbili ya hapo na hakuhitaji kumbembeleza meneja, ni wewe na bajeti yako. Tatizo ofisa mikopo anakuuliza unaweza kulipa shilingi ngapi kwa mwezi, ukitaja ndogo anakuongezea miaka mpaka inakaa, wote mnafurahi siku hiyo.

Kuhusu riba inavyopigwa, kuna ile wanaita flati. Hiyo inapigwa kwenye kiasi chote ulichokopa mwanzo mpaka mwisho, hata kama umeshalipa nusu. Kwenye mikopo ya nyumba ya benki kubwa huikuti sana ila kwenye taasisi ndogo na baadhi ya vikundi ipo, na watu wanakopa huko kumalizia paa au kununua kiwanja. Mtu anakwambia riba yangu asilimia 10 tu, benki wanataka 17, njoo kwangu. Piga: milioni 10, flati 10, miaka mitano, riba milioni moja kila mwaka inakuwa milioni 5, jumla 15, rejesho 250,000. Sasa nenda kakope milioni 10 benki kwa riba ya salio linalopungua ya asilimia 17 na kidogo, miaka mitano, rejesho linakuja hilo hilo 250,000. Ni bei moja imevaa nguo tofauti. Kwahiyo usilinganishe asilimia kwa asilimia, linganisha jumla ya shilingi zitakazotoka. Hata ukienda kwenye benki au dirisha linalofuata taratibu za kiislamu, ambako hawatozi riba bali wananunua nyumba na kukuuzia kwa faida, swali ni lile lile, jumla ninayolipa ni ngapi na kwa miezi mingapi, na huko raha yake bei ya jumla inakuwa imeandikwa tangu siku ya kwanza.

Uliza pia kama riba imefungwa au inaweza kubadilika. Mikataba mingi ina kifungu kinachoiruhusu benki kupandisha riba kwa kukupa taarifa. Benki Kuu tangu Januari 2024 inatumia riba yake ya kuongoza soko, ilianza na asilimia 5.5 na Aprili mwaka huo ikapanda hadi 6, na mambo kama hayo taratibu yanafika mpaka kwenye mkopo wako. Piga hesabu ya mabaya kabisa: milioni 60 miaka 20 kwa asilimia 19 rejesho ni 972,000. Kama laki tisa na sabini itakuvunja mgongo, basi mkopo huo hata kwa 17 umekukalia vibaya.

Gharama za pembeni nitazipitia haraka ila usizidharau. Siku ya kuanza kuna ada ya benki ya kushughulikia mkopo, kuna mthamini wa kuja kuthamini nyumba, kuna mwanasheria, ushuru wa stempu, na kusajili rehani kwenye hati. Kwa shemeji ilikuja zaidi ya milioni mbili na alikuwa hajaipanga kabisa, alijua ile 15 ndo kila kitu. Halafu bima, ya maisha ili ukifariki deni lisiwaangukie watoto, na ya nyumba kwa ajili ya moto na majanga. Uliza bima inalipwa mara moja au kila mwaka, na kama ni mara moja wanaikata kwako taslimu au wanaijumlisha kwenye mkopo, maana wakiijumlisha unalipia riba ya bima kwa miaka 20. Ikiwa laki tatu kwa mwaka tayari ni milioni 6 hadi mwisho.

Kodi ya jengo ni ndogo, nyumba ya kawaida ni 1,500 kwa mwezi inakatwa kwenye LUKU, pango la ardhi unalipa kila mwaka kutegemea ukubwa na eneo. Kinachokula hela ni nyumba yenyewe. Jua la Dodoma linaichuna rangi upande wa magharibi, kuna maeneo udongo unavimba mvua zikija na kukauka kiangazi mpaka kuta zinaachia nyufa, na maji ya mgao yanakulazimisha simtanki na pampu. Mi natenga asilimia moja ya thamani ya nyumba kila mwaka kwa matengenezo, nyumba ya 75 ni laki saba na nusu. Na usafiri, mtu anakaa upande wa Nala anafanya kazi Mtumba, anavuka mji mzima asubuhi na jioni, hiyo nauli au mafuta kwa miaka 20 nayo ni bei ya nyumba, iandike.

Sasa habari njema, na hii ndo ninayoipenda kuliko zote. Kwa sababu mwanzoni deni linatambaa, shilingi yoyote ya ziada unayotupia mwanzoni ina nguvu ya ajabu. Chukua mkopo ule ule wa shemeji. Akiongeza laki moja kila mwezi tangu mwezi wa kwanza, badala ya 880 analipa 980, anamaliza kwa miaka 12 badala ya 20, na anaokoa milioni 70. Laki moja. Au tuseme hawezi kila mwezi lakini mwezi ule wa kwanza kabisa kauza mbuzi wake pale mnada wa Msalato kapata milioni moja kaitupia kwenye deni la msingi. Hiyo milioni moja inafuta miezi 27 ya mwisho, inaokoa milioni 23. Milioni hiyo hiyo ukiitoa mwaka wa 18 haifanyi hata robo ya kazi hiyo. Kwahiyo posho za safari, malimbikizo, hela ya zabibu au alizeti kama unalima, zipeleke huko miaka mitatu ya kwanza, vigae vya nje vitasubiri.

Ila kuna mtego. Mi mwaka wa pili nilipata milioni moja na nusu nikaiweka kwenye akaunti ya mkopo nikarudi nyumbani nimetulia. Miezi mitatu baadaye nikaangalia, ile hela imekaa pale pale inakatwa rejesho la kila mwezi kidogokidogo, deni la msingi halijaguswa. Kwa benki ile, ukiweka bila maelezo wanaihesabu kama umelipa mapema marejesho yajayo. Unatakiwa uandike barua: hii ni kupunguza deni la msingi, rejesho libaki lile lile, miaka ndo ipungue. Maneno hayo ya mwisho ni muhimu, maana wengine wanakupunguzia rejesho na miaka inabaki, ule utamu wote unaisha. Kisha baada ya wiki moja nenda kaombe jedwali jipya. Na kabla ya kusaini mkataba tafuta kifungu cha kulipa mapema, kuna benki zinatoza adhabu ya asilimia fulani, ikiwepo omba wakuondolee au wakupunguzie wakati bado wanakutaka.

Kununuliwa deni na benki nyingine nako watu wanakuchukulia poa. Tuseme miaka mitano imepita unadaiwa 57, inakuja benki inasema sisi tutakupa 15 badala ya 17. Ukiingia huko kwa miaka 20 mipya rejesho linashuka hadi 753,000, unaona umepona. Jumlisha sasa: ulizolipa mwanzo karibu 53, utakazolipa 180 na zaidi, inakuwa milioni 233, wakati ungekaa ulipokuwa ni 211. Riba imeshuka na nyumba imepanda bei. Ukikubali kuhama, sema nataka miaka 15 ile ile iliyobaki, rejesho litakuwa kama laki nane, na hapo kweli unaokoa kama milioni 14, toa gharama za uthamini na usajili ambazo unalipa upya. Topapu, yaani kuongezewa mkopo juu ya ule unaoulipa, ni ugonjwa huo huo, unachukua milioni kumi za harusi unarudishwa mwaka wa kwanza, ambako riba ndo inakula kila kitu.

Kuna hoja ambayo shemeji aliileta na ni ya maana, kwamba shilingi inashuka, laki nane ya 2045 itakuwa hela ya vocha. Ni kweli inashuka, lakini mfumuko wetu wa bei miaka hii unazunguka asilimia 3 hadi 4 na riba ni 17, havikimbii pamoja. Nilimpigia hesabu kwa mfumuko wa 3, yale marejesho yote 240 ukiyarudisha kwenye thamani ya leo bado ni kama milioni 158. Kwa kukopa 60.

Akasema basi bora niendelee kupanga. Hapo pia nikamwambia tulia. Anapanga kwa laki mbili na nusu, kodi ikipanda asilimia 5 kila mwaka, kwa miaka 20 atakuwa amelipa karibu milioni 99 na hana hata tofali. Nyumba ya 75 nayo ikipanda asilimia 5 kwa mwaka itakuwa na thamani ya kama milioni 199, ni yake, na amezeeka ndani yake bila kufukuzwa. Kwahiyo mkopo sio ujinga. Linganisha na njia ya tatu ambayo wengi wetu ndo tumejengea: ile 15 ananunua kiwanja kilichopimwa na kuanza msingi, anaendelea kupanga, na ile tofauti ya 630,000 kati ya rejesho na kodi anaizika kwenye ujenzi kila mwezi. Miaka minane ni milioni 60. Saruji na nondo zitapanda, fundi atakimbia mara mbili, tuseme miaka kumi. Bado ni nusu ya muda. Lakini ni lazima uwe mtu ambaye 630,000 hiyo kweli inaenda site kila mwezi bila kukosa, na mi nimewaona wengi sana ambao msingi umeota miti. Kama wewe hela ya mkononi haikai, mkopo unaokatwa kwenye mshahara unakulazimisha, hiyo nayo ni faida. Jijue tu kwa ukweli.

Kwa watumishi, ile kanuni ya theluthi moja ya mshahara lazima ibaki msiichukue kama ndo kipimo cha uwezo wenu. Ni ukomo wa kisheria, haimaanishi maisha yatawezekana. Andika kodi ya mshahara, mfuko wa pensheni PSSSF asilimia 5, bima ya afya 3, bodi ya mikopo ya elimu ya juu 15 kama bado unadaiwa, kisha rejesho, kisha uone kinachobaki kama kinalisha nyumba na ada za shule. Angalia na umri, kustaafu ni 60, ukikopa miaka 20 ukiwa na 45 kuna miaka mitano mshahara haupo, na kama mpango wako ni kiinua mgongo ndo kimalizie deni, basi kiandike kwenye jumla ya gharama ya nyumba kwa sababu ndo kimeenda huko. Na mwenza wako akae mezani. Sheria ya Ardhi inataka ridhaa yake kuweka rehani nyumba ya familia, lakini watu wanampelekea fomu asaini dakika ya mwisho bila kumuonyesha jumla. Muonyeshe jumla. Akijua ni 211 mtasaidiana kutupia ile laki moja.

Weka pia akiba ya marejesho matatu pembeni kabla ya kuanza, ugonjwa ukija au mshahara ukichelewa usianze kukopa kausha damu kulipia benki. Na ukiona unayumba nenda benki mapema kabla ya kuchelewa hata mwezi mmoja, ukishapokea notisi ya kisheria mazungumzo yanakuwa magumu na mnada hauko mbali.

Shemeji hakusaini zile karatasi za mkopo wa Iyumbu. Ilimchukua miezi minne kutafuta tena, akapata nyumba ndogo zaidi Nzuguni, vyumba viwili, milioni 55, akatoa 15 yake akakopa 40 kwa miaka 10. Rejesho la mkataba ni 695,000. Lakini alikuwa ameshajiandaa kichwani kutoa 880, kwahiyo anatoa 880, ile ziada inaenda deni la msingi kwa barua aliyoiandika siku ya kwanza, nakala yake ina muhuri wa benki wa kupokelewa na ameitunza kwenye ile bahasha ya kaki. Akienda hivyo anamaliza ndani ya miaka sita na mwezi mmoja au miwili, jumla kama milioni 65 juu ya ile 15.

Na siku ukimaliza usiishie kupewa pongezi na kalenda. Omba barua ya kumaliza deni, omba hati yako halisi, na omba hati ya kufuta rehani ambayo benki inasaini, uipeleke kwa Msajili wa Hati ili lile deni lifutwe kwenye daftari la ardhi. Kuna watu wamemaliza kulipa miaka kadhaa iliyopita, wanakwenda kuuza au kurithisha wanakuta nyumba bado inasomeka ina rehani, na tawi walilokopa limeshafungwa.